Kiswahili Huvisha Sare, Kiingereza Hupanga Viti

Maneno haya niliyasema Jumamosi alasiri mbele ya wanafunzi wa madarasa ya jioni, katika ukumbi mmoja wa Makadara hapa Nairobi. Wengi walionuia kufika walizuiwa na mvua, wengine na zamu za kazi, wakaniomba niyaandike. Nimeyaandika kama yalivyonitoka kinywani, ila michoro ya ubaoni nimeiacha.

Ndugu zangu, hamjambo?

Mama zangu mlioketi huku mbele, mafundi mliokuja moja kwa moja kutoka kazini na vumbi la mbao bado liko mikononi, vijana wenye vyeti ambao bado mnatafuta kazi, asanteni kwa kuja. Nimefundisha Kiingereza na Kiswahili katika shule za mji huu kwa miaka 31. Asubuhi Kiswahili, baada ya chai Kiingereza, chaki ile ile. Na kwa miaka hiyo yote kuna jambo limekuwa likinichoma moyo. Mtu mzima, mwenye akili zake, anayejua kulea, kujenga na kufanya biashara, anateleza kwenye neno moja dogo la Kiingereza mbele ya watu, kisha anarudi kwangu akiniambia, "Mwalimu, kichwa changu ni kigumu."

Kichwa chako si kigumu. Nasema tena: si kigumu! Kosa lako lina chanzo, na mara nyingi chanzo chenyewe ni kwamba unakijua Kiswahili vizuri. Unachukua kanuni iliyo sahihi nyumbani kwake, unaipeleka ugenini.

Katiba yetu ya 2010, Kifungu cha 7, inasema Kiswahili ni lugha ya taifa, kisha inasema lugha rasmi ni mbili, Kiswahili na Kiingereza. Basi leo tuziketishe meza moja hizi lugha mbili, tuziulize swali moja tu: kivumishi, lile neno linaloeleza sifa ya kitu, kinajulikanaje kuwa ni cha nani?

Semeni pamoja nami. Mtu mrefu. Kiti kirefu. Miti mirefu. Kamba ndefu. Mmesikia? Kivumishi cha Kiswahili huvaa sare ya nomino yake, yaani jina la kitu kinachoelezwa. Hata ukikitenga mbali kidogo, sare inakitambulisha. Nikisema "kiti cha mwalimu kirefu", mrefu ni nani? Kiti! Nikisema "kiti cha mwalimu mrefu", je? Mwalimu! Sikuhamisha neno hata moja. Nimebadilisha sare tu, maana imehama kutoka kwenye kiti ikaenda kwa mwalimu.

Sasa tumgeukie jirani yetu Mwingereza. "A tall man." "A tall chair." "Tall trees." Sare iko wapi? Haipo. Neno "tall" haliongezwi wala halipunguzwi. Akitaka kusema kiti ndicho kirefu, husema "the teacher's tall chair". Akitaka kusema mwalimu ndiye mrefu, husema "the tall teacher's chair". Amefanya nini? Amehamisha neno! Kiswahili hukivisha kivumishi sare, Kiingereza hukipa kiti. Kwa Mwingereza, mahali neno linapoketi ndipo panaposema ni la nani.

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Miaka 1000 iliyopita vivumishi vya Kiingereza navyo vilikuwa na viambishi vyao, vikibadilika kufuata jinsia ya nomino, idadi yake na kazi yake katika sentensi. Karne baada ya karne miisho ile ikachakaa, ikaanguka kama mafundo ya shuka kuukuu, na mpangilio wa maneno ukaachiwa mzigo wote. Kwa hiyo usidhani mpangilio ule ni pambo. Ukiuvuruga, sentensi haina kitu kingine cha kuishika.

Kiswahili chenyewe kina maneno kadhaa yasiyovaa sare. Kitabu ghali, vitabu ghali, nyumba ghali. Umewahi kusikia "kitabu kighali"? Hapana. Ghali ni ghali, kama ilivyo safi, kama ilivyo rahisi. Basi likumbuke hili moja: karibu kila kivumishi cha sifa cha Kiingereza ni kama neno "ghali". Hakina wingi. "Expensive book, expensive books." Maneno yanayobadilika ni yale ya kuonyesha, "this" ikawa "these", na "that" ikawa "those".

Mnaniambia hilo mnalijua. Kweli mnalijua, na hakuna hapa anayeandika "beautifuls". Lakini kosa hili lina mlango wa nyuma. Fundi mmoja wa meza, mtu wa Kariobangi aliyekuwa akija darasani jioni, aliitwa na shule ya chekechea ampelekee mwenye shule karatasi ya bei. Akaandika kwa mwandiko mzuri sana: "6 four feet tables". Alikuwa anamaanisha meza sita, kila moja ina urefu wa futi nne. Mwenye shule akasoma "four feet" akaona miguu minne. Akajiuliza, meza gani haina miguu minne, na urefu wake ni upi? Simu zikapigwa, siku mbili zikapita bila kazi kuanza.

Alikosea wapi? Neno "feet" likiwa limeketi mahali pa kawaida lina haki ya wingi wake: "The table is four feet long." Lakini likihamia kwenye kiti cha kivumishi, mbele ya "tables", linavua wingi mlangoni na kufungwa kwa kistari: "six four-foot tables". Sasa hesabu ni sita na kipimo ni kimoja, hakuna wa kuchanganyikiwa. Vivyo hivyo binti yako: "She is ten years old", lakini "a ten-year-old girl". Noti mfukoni: "a one-thousand-shilling note", hakuna "shillings" hapo. Kozi ya wiki tatu ni "a three-week course". Wale wanaoandika wasifu wa kazi, litazameni hili kwa macho mawili, maana neno "years" katika "a five-years experience" nimelikuta kwenye barua nyingi kuliko ninavyoweza kuhesabu. Andika "five years' experience" au "five years of experience", upumzike.

Kuna kijana ameniuliza nje pale, kabla hatujaanza: mbona tunasema "Attorney General", kivumishi kikiwa nyuma kama Kiswahili? Swali zuri sana. Mwaka 1066 Wanormandi walivuka bahari kutoka Ufaransa wakaiteka Uingereza, na Kifaransa chao kikakaa katika mahakama kwa karne nyingi. Kifaransa mara nyingi huweka sifa baada ya nomino. Ndiyo sababu baadhi ya vyeo vya sheria na serikali vimebaki na mpangilio huo, na ndiyo sababu wingi wake unaandikwa "Attorneys General": aliye wengi ni wakili, "general" ni sifa yake. Ni desturi ya maneno machache. Usiitumie kujenga nyumba nzima.

Sasa naomba tutulie, kwa sababu hili linalofuata ndilo lililonileta hapa.

Kulikuwa na binti aliyemaliza kidato cha nne, mwerevu, mwenye heshima. Aliitwa kwenye mahojiano ya kazi ya mapokezi katika hoteli moja hapa mjini. Alifika kwangu jioni ile amevishika viatu vya dada yake mkononi, visigino vimemwiva kwa wekundu, kwa sababu vilikuwa vidogo na alitembea navyo kutoka kati ya mji. Akaketi. Akaniambia, "Mwalimu, waliniuliza kwa nini naitaka kazi. Nikajibu vizuri tu. Mmoja akacheka. Nilisema nini?"

Nikamwomba arudie. Alikuwa amesema: "I am very boring at home, and I am interesting in this job."

Ndugu zangu, tazameni uchungu wa jambo hili. Nusu ya kwanza ya sentensi ile haina kosa lolote la sarufi! "I am boring" ni Kiingereza kamili. Maana yake, mimi ni mtu wa kuwachosha wenzangu. Angekosea sarufi, wangemsamehe na kukisia. Lakini alisema jambo kamili ambalo hakulikusudia, tena juu ya nafsi yake, mbele ya watu watatu waliokuwa wakiamua riziki yake.

Sikumpa kanuni ya Kiingereza. Nilimwambia, "Hebu niambie kwa Kiswahili." Akasema bila kufikiri: "Nimechoshwa na kukaa nyumbani, na kazi hii inanivutia." Nikachukua karatasi, nikaandika maneno manne. Inachosha. Nimechoshwa. Inavutia. Nimevutiwa. Kando yake nikaandika "boring", "bored", "interesting", "interested". Akaikazia macho karatasi ile kwa muda, kisha akaweka kidole kwenye ile "sha" ya "inachosha", akakivuta mpaka kwenye "ing". Akasema, "Kumbe!"

Kumbe nini? Kumbe tofauti hii tunayo, tena tunaitumia tangu tukiwa watoto. Kuchoka na kuchosha. Kushangaa na kushangaza. Kuudhika na kuudhi. Kuna mtoto wa miaka minne Eastlands nzima anayechanganya "nimeshangaa" na "inashangaza"? Hayupo. Basi kila unapokutana na jozi hizi za Kiingereza, uliza Kiswahili chako kwanza. Kinachosababisha hisia, kile ambacho mara nyingi ungekitamkia "-sha" au "-za", kinachukua "-ing". Anayeipata hisia, yule anayesema nime-, anachukua "-ed". Safari inachosha: "The journey is tiring." Mimi nimechoka: "I am tired." Habari inashangaza, "surprising". Sisi tumeshangaa, "surprised". Ramani inachanganya, "confusing". Mgeni amechanganyikiwa, "confused". Matokeo yanakatisha tamaa, "discouraging". Mzazi amekata tamaa, "discouraged".

Na ile "-ed" isikudanganye ukadhani ni jana. "I am tired" ni sasa hivi, umeketi hapo na umechoka. Wala usidhani "-ing" ni ya vitu na "-ed" ni ya watu, jinsi wengine wanavyofundisha ili kurahisisha. Mtu naye anaweza kuchosha, na mwalimu anayesoma daftari lake kwa saa mbili bila kuinua macho ni "boring" kabisa. Kinachoamua ni nani anatenda na nani anapatwa.

Yule binti aliandika sentensi yake upya pale pale: "I am bored at home, and I am interested in hotel work because I like meeting people." Akaisoma kwa sauti mara tatu. Mara ya tatu sauti haikutetemeka.

Twende Gikomba.

Dada mmoja anauza mikoba ya mtumba. Anaamka saa tisa usiku afike wakati marobota yanafunguliwa, achague kamera, yaani ile mikoba bora ya kwanza kuchaguliwa, kabla wengine hawajafika, halafu anaipiga picha na kuiweka kwenye simu yake kwa wateja. Siku moja alinionyesha tangazo lake: "Leather brown nice two bags". Maneno yote yako, hakuna lililokosewa tahajia. Lakini linasikika kama watu wanaogombania mlango wa matatu.

Vivumishi vya Kiingereza vikiwa vingi hupanga foleni, na foleni yenyewe inajulikana. Idadi inatangulia. Halafu maoni yako wewe: zuri, baya, la kupendeza. Halafu ukubwa, halafu umri, umbo, rangi, kinakotoka, kimetengenezwa kwa nini, na mwisho kabisa kazi yake. "Two nice brown leather bags." "A big old wooden table." "A beautiful new Kenyan cotton dress." Msiogope urefu wa orodha, kwa sababu hakuna anayebeba vivumishi vinane kwa safari moja. Viwili au vitatu vinatosha, ukizidisha msomaji anachoka.

Mnauliza, foleni hii alipanga nani? Tazameni mantiki yake. Mkoba huu ni mzuri: hayo ni maoni yangu, wewe unaweza kukataa. Ni wa kahawia: hilo tunakubaliana, ingawa unaweza kupakwa rangi nyeusi kesho. Ni wa ngozi: hapo huwezi kuubadilisha bila kuwa mkoba mwingine. Kilicho cha ndani zaidi katika kitu ndicho kinachoketi karibu na jina lake. Kinachotoka kichwani mwa msemaji kinakaa mbali.

Na sasa nitawapa siri ambayo dada yule wa Gikomba aliigundua mwenyewe, mimi nikabaki kuikubali. Alisema, "Mwalimu, mimi naandika Kiswahili halafu naisoma kinyumenyume." Jaribuni. Mikoba ya ngozi, ya kahawia, mizuri, miwili. Anzeni nyuma: "two", "nice", "brown", "leather", "bags". Ni ile ile! Kiswahili nacho kinaweza kuweka ngozi karibu na mkoba na uzuri mbali, ila sisi tunaanza na nomino, wao wanamaliza nayo. Haitakufaa kila mara, kwa kuwa sare zetu zinatupa uhuru wa kupanga tunavyotaka. Lakini kwa tangazo la biashara, inasaidia sana.

Kabla sijaketi, kuna mtego mmoja wa jikoni. Sufuria ya pilau iko jikoni, harufu imejaa nyumba. Utasema nini? "Inanukia vizuri." Sahihi kabisa. Sasa igeuze. Wengi watasema "The pilau smells well". Ndugu zangu, hapo umeisifu pilau kwa uhodari wa kunusa! Pilau haina pua. Sema "The pilau smells good." Chanzo cha kosa ni ile "vi-" yetu. Tunasema "anaendesha vizuri" na "inanukia vizuri" kwa neno lile lile, lakini Kiingereza kinazitenganisha. Dereva anafanya tendo, na wewe unaeleza tendo lake: "He drives well." Pilau haifanyi tendo, unaeleza hali yake. Kwa vitenzi vya aina hii, "smell", "taste", "look", "feel", "sound", tumia mzani huu: ondoa kitenzi, weka "is". "The pilau is good." Inakubali? Basi ni kivumishi. "You look beautiful", si "beautifully". Na upande wa pili, usiseme "He drives careful", kwa sababu huyo anatenda: "He drives carefully", au "He is a careful driver".

Kuna vivumishi vingine visivyokubali kabisa kuketi mbele ya nomino: "asleep", "awake", "afraid", "alive". Huwezi kusema "an asleep child". Sema "the child is asleep", au "a sleeping child". Hata sisi hatuna sifa moja ya kumwekea, tunasema mtoto aliyelala.

Na "zaidi" yetu iacheni nyumbani. "Bora zaidi" ni tamu kwa Kiswahili, lakini "more better" inabeba mzigo mara mbili. "Better" inatosha, "bigger" inatosha, "cheaper" inatosha. "More" iwekeeni maneno marefu, "more expensive", "more comfortable". Na kwa wale wa ofisini: bosi wako ni "senior to me", kamwe si "senior than me". Neno hilo limetoka Kilatini, na likiwa peke yake huchukua "to", si "than".

Nimesema ya kutosha. Geuza karatasi uliyopewa mlangoni. Chagua kitu kimoja ulichokuja nacho leo, mwavuli, mkoba, kiatu, kieleze kwa Kiswahili kwa sifa tatu, kisha kwa Kiingereza chini yake. Baada ya hapo andika sentensi moja kuhusu jambo lililokuchosha wiki hii, na nyingine kuhusu ulivyochoka. Nitapita kila meza, nina muda wote. Na wewe mama wa pale karibu na dirisha, umeinua mkono tangu nilipotaja pilau. Karibu, uliza.